Sahani ya Stoo

Kitu cha kwanza kupotea katika nyumba ile ya Lubaga kilikuwa harufu ya chakula.

Ilikuwa saa tano asubuhi, jua limewaka, wala hakuna aliyekuwa akifikiria mambo ya majini. Hetal alitia mbegu za haradali katika mafuta ya moto, zikalia na kurukaruka kama siku zote. Akafuatisha mvuje, ule unga ambao ukigusa mafuta hata jirani wa ng'ambo ya ukuta hupiga chafya. Akainama juu ya sufuria, akavuta pumzi. Hakunusa kitu. Akadhani ni mafua. Akanusa sabuni ya vyombo, ikanukia ndimu. Akanusa kitambaa cha kufutia meza, kikanuka uvundo wake wa kawaida. Akarudi kwenye dengu zake: hakuna kitu, utadhani anachemsha maji matupu.

"Vahu," mama mkwe wake alisema walipoketi mezani. Kwao neno hilo maana yake ni mke wa mwanangu tu, lakini kinywani mwa mama huyo lilikuwa shtaka kamili. "Hizi dengu umewapikia wagonjwa?"

"Nimepika kama jana, Ba," Hetal alijibu, kwani Ba, yaani mama, ndivyo nyumba nzima ilivyomwita.

"Basi hata jana ulikosea."

Hetal akameza maneno yake. Katika kumeza maneno alikuwa bingwa, kama kungekuwa na kombe lake angelishinda kila mwaka. Miaka minane ya ndoa alikuwa akiambiwa chapati zake nene, chai yake nyepesi, salamu zake za haraka, na kwamba bila shaka huko Kisumu alikozaliwa hawakumfundisha. Ba aliitaja Kisumu kama watu wanavyotaja ugonjwa wa ngozi. Na Nimesh, mume wa Hetal, mwenye duka la vigae mjini, alikuwa na dawa moja tu ya maneno ya wanawake wawili: kuinamia simu yake mpaka yaishe.

Siku hiyo lakini lililomkaa Hetal rohoni halikuwa la Ba. Lilikuwa la Charvi, binti yake wa miaka mitano, ambaye alikula chapati tatu na bakuli zima la dengu, akalamba vidole, kisha akasema taratibu, "Mama, tumboni bado hamna kitu."

Wiki mbili baadaye sketi ya shule ya Charvi ilikuwa inashikwa kiunoni kwa pini. Mtoto alikula kuliko baba yake na bado alikonda. Mashavu yaliingia ndani, shingo ikawa nyembamba, macho yakawa makubwa mno kwa uso ule. Daktari wa kwanza alisema minyoo. Wa pili alisema si minyoo, akaandika vitamini. Wa tatu alipima damu, akatazama karatasi ya majibu mbele na nyuma, akasema mtoto mzima kabisa, apewe chakula cha kutosha. Hetal alitaka kumtupia ile karatasi usoni. Chakula cha kutosha! Alikuwa anashinda jikoni toka alfajiri mpaka jioni, mikono imejaa malengelenge ya mafuta, na kila alichopika kilikuwa kama picha ya chakula, kizuri kwa macho na hakina chochote ndani.

"Mtoto hali kwa sababu mama yake anapika kwa hasira," Ba alisema.

"Anakula, Ba! Anakula kutwa nzima, huoni?"

"Unaona? Hasira hiyo."

Nimesh akainamia simu.

Aliyelisema jambo lenyewe alikuwa Lanyero, mwanamke wa makamo aliyewasaidia kazi za nyumbani. Lanyero alikulia katika nyumba za polisi za Nsambya, baba yake akiwa koplo, na alikuwa na Kiswahili cha huko, kisichojali ngeli za mtu. Siku hiyo alimfuata Hetal uani alikokuwa akianika nguo, akasimama karibu mno, akasema kwa kunong'ona.

"Madam, mimi sasa hapana ingia tena kwa ile stoo."

"Kuna panya?"

"Panya haitumii sahani." Lanyero alitazama nyuma. "Kila saa saba, nyinyi mkikaa kwa meza, iko mtu ndani anakula. Mimi nasikia. Anakwaruza sahani na vidole, hivi, hivi. Juzi nikasema labda ni Ba. Nikaangalia kwa meza. Ba iko kwa meza."

Hetal alishika kamba ya nguo kwa mikono miwili. Yeye hakuhitaji kuambiwa ni sahani gani. Aliijua. Aliiweka yeye mwenyewe.

Ilikuwa hivi. Kila mwaka, mwezi wa tisa, huja zile siku kumi na sita ambazo Wahindu huwalisha wafu wao. Kila marehemu ana tarehe yake. Hupikwa dudhpak, wali wa maziwa mazito na iliki, hukaangwa puri, vile vichapati vidogo vinavyofura, na anayepika haruhusiwi kuonja hata chembe. Kisha sehemu ya marehemu hupelekwa nje, juu ya dari, waile kunguru, kwani kunguru wakila basi marehemu amekula, ameshukuru, na amekwenda zake. Pale Lubaga kazi kubwa ilikuwa kuwafukuza kaloli, wale ndege wenye vipara na miguu mirefu wanaokula takataka za mji mzima. Ba alisimama juu ya dari na ufagio, sari ameipandisha magotini, akiwatukana kwa Kigujarati, huku kasisi wa Kihindu akisoma sala kutoka India kwenye simu ya Nimesh, na Nimesh akitazama saa asichelewe dukani.

Ba alimlisha mumewe. Akamlisha baba mkwe wake, mama mkwe wake, shemeji zake wawili. Mama yake Hetal hakumo. Mwanamke akishaolewa hawalishi wafu wa kwao. Hiyo ni kazi ya kaka yake. Na kaka yake Hetal, Bhavik, alikuwa Leicester na mkewe na mtoto wao mdogo Neel, na kila mwaka alipokumbushwa alijibu hana nafasi, na kwamba mambo hayo ni ya zamani.

Mama yao alikuwa na miaka mitatu kaburini, kama mtu anavyosema, ingawa kwao hakuna kaburi, kuna majivu na mto. Miaka mitatu hajapewa hata kijiko. Mwaka huu, siku ya tarehe yake ilipofika, Hetal alimwomba Ba nafasi moja tu pale juu ya dari.

"Wafu wa nyumba hii wanakula katika nyumba hii," Ba alisema. "Wa Kisumu wana mwana wao."

Basi hasira ikampanda Hetal, ile ya miaka minane. Alipakua dudhpak katika sahani ya chuma, akaweka puri mbili, na kwa kuwa juu ya dari kulikuwa na Ba na ufagio wake, akaingia stoo, akaiweka sakafuni nyuma ya gunia la mchele. Ndani ya nyumba. Chini ya paa. Hakuna Mhindu mwenye akili anayefanya hivyo, na yeye alilijua hilo. Akapiga magoti akasema, "Mama, njoo ule. Hapa kaa utakavyo. Hakuna atakayekufukuza."

Kesho yake aliikuta sahani safi, inang'aa. Alilia kwa furaha. Akaweka tena, na tena, siku tisa, kila siku sahani ikisafishwa. Siku ya kumi Ba alianza kuuliza maziwa yanakwenda wapi, na Hetal akaogopa, akaacha. Na siku iliyofuata ndipo harufu ilipopotea. Alipoacha kupakua, aliyekuwamo akaanza kujipakulia.

Haya yote Hetal hakumwambia Lanyero. Alisema tu, "Nitaangalia."

Aliangalia kesho yake saa saba. Aliwapakulia mezani, akasema amesahau achari, akaenda. Mlango wa stoo ulikuwa umefungwa kwa nje kama ulivyo siku zote, na ilikuwa mchana mweupe, redio ya jirani inaimba, kengele za kanisa kuu zimetoka kulia mlimani, na Hetal alijiambia kwamba hakuna anayeuawa na stoo saa saba ya mchana, kisha akafungua komeo, akasukuma mlango, na harufu zote za wiki tatu zikamwangukia kwa mara moja, mvuje na haradali na iliki na samli na vitunguu vilivyoanza kuungua, kila alichokaanga na kukiunga na kukilia machozi, vyote vilikuwa humo, vya moto, vinene, vikimziba pua na koo mpaka akashindwa kupumua, na nyuma ya gunia la mchele, pasipokuwa na mtu, vidole vilikuwa vinakwaruza chuma polepole, vinazunguka ukingo, vinarudi katikati, kisha vikasita, kama mlaji anavyosita akisikia kuna aliyemwingilia, na sauti ikacheua kwa shibe na kusema kwa Kigujarati cha Kisumu, kwa ule mkwaruzo wa kifua ambao Hetal aliusikiliza hospitalini mpaka siku ya mwisho, "Achari umeleta, Hetu?"

Alifunga mlango akarudi mezani mikono mitupu. Ba akamuuliza achari iko wapi.

Usiku alimwambia Nimesh kuna jambo katika nyumba. Hakumwambia la sahani. Nimesh alikaa kitandani, akamtazama kwa ile huruma inayoudhi.

"Umechoka. Nitampigia kasisi asome kitu."

"Kwa simu?"

"Sasa nimpandishe ndege? Hetal, tafadhali, nina makontena bandarini."

Kasisi alisoma. Simu ilikatika mara mbili, na mara ya pili hakuna aliyempigia tena. Asubuhi Charvi alishindwa kupanda ngazi za gari la shule. Alisimama chini, mkono kwenye mlango, akitazama ngazi mbili kana kwamba ni mlima, mpaka dereva akashuka kumrudisha kwa mama yake. Alikuwa mwepesi kiasi kwamba dereva alimbeba kwa mkono mmoja. Hetal alimpokea, akausikia uzito uliobaki wa mwanawe, akajua kwamba wiki nyingine kama hii hataimaliza.

Akamwendea Lanyero. "Kuna mtu unayemjua wa mambo haya?"

Sitti Bushira alifika kabla ya saa saba. Alikuwa Mnubi, mjane, mfumaji wa vikapu, aliyewahi kuishi jirani na kina Lanyero huko Nsambya, na alikuja na mkeka wake, ubani kidogo na msahafu ndani ya mfuko wa kitambaa. Ba alipomwona alisimama mlangoni kama askari. Hetal alijiandaa kwa ugomvi. Lakini Ba alitazama mtoto aliyelala kwenye kochi, akatazama kando, akampisha mgeni. Nimesh naye aliitwa kutoka dukani. Alikuja amenuna.

Sitti hakuuliza habari nyingi. Alizunguka vyumba, akafika mbele ya stoo, akavuta pumzi mara moja, akarudi kukaa kwenye mkeka wake.

"Hii nyumba iko na mugeni," alisema. "Na hakuvunja mlango. Aliitwa, akaambiwa kaa. Nani alimwita?"

Redio ya jirani ilikuwa inatangaza vifo.

"Mimi naweza kusoma mpaka jua ilale, yeye atanicheka tu. Mugeni anafukuzwa na mwenye kumkaribisha. Nauliza tena. Nani?"

"Sisi tunalisha wafu wetu juu, nje," Ba alisema. "Hakuna anayelishwa ndani. Katika nyumba yangu? Hakuna."

Hetal alifungua kinywa. Akaona uso wa Ba. Akauona mwaka mzima ujao, na miaka itakayofuata, na kila chakula cha mchana kitakachokuja na jambo hili juu yake. Akafunga kinywa. Ndiyo, mwanawe alikuwa anakufa, na bado mama huyu aliogopa kusemwa. Msimhukumu upesi kama hamjakaa na Ba.

Sitti akaanza kukunja mkeka. "Basi mimi nikienda, msiniite tena kwa maziko."

Hapo ndipo walipogundua kochi ni tupu.

Mlango wa stoo ulikuwa wazi. Charvi alikuwa ameketi sakafuni, miguu ameikunja vizuri kama alivyofundishwa kukaa mbele ya wakubwa. Mbele yake kulikuwa na bakuli lake la chakula cha mchana. Alikuwa anakata tonge, analiinua, anaunyosha mkono wake mwembamba gizani nyuma ya gunia, na mkono ukirudi ulikuwa mtupu na umelowa. Akakata jingine.

"Nampa kidogo tu, Mama," alisema bila kugeuka. "Anasema mimi nitakula akishiba."

"Ni mimi!" Hetal alipiga kelele. "Ni mimi niliyemwita! Niliweka sahani ya mama yangu humu, siku tisa, nikamwambia akae, nikamwambia hakuna atakayemfukuza! Ni mimi!"

Nimesh alimnyakua mtoto. Ba alimtazama Hetal kwa muda ambao Hetal aliuona mrefu kuliko ndoa yake, kisha akasema kwa sauti ndogo, "Ungeniambia. Ningekataa. Lakini ungeniambia."

Sitti alikuwa tayari amewasha ubani. "Sikiliza, mwanangu. Mama yako iko kwa Mungu. Huyu ni jini ya njaa, ilipita njia, ikasikia mlango inafunguliwa kwa jina ya mama, ikavaa jina. Sasa mimi nasoma, na wewe unasema neno moja: toka. Yeye atalia. Atakuambia mambo ya zamani. Wewe usijibu, usielekeze, usiongeze kitu. Toka, basi. Umesikia?"

"Nimesikia."

Sitti akasoma. Moshi uliingia stoo ukagoma katikati, ukajikunja, kana kwamba umefika kwenye mtu. Hetal alisimama kizingitini.

"Toka," alisema.

"Hetu." Sauti ilikohoa. "Nimetoka mbali, mwanangu. Miaka mitatu, hata maji."

"Toka."

"Uliniambia nikae. Mikono yako ni laini kuliko ya kaka yako. Yeye hakuja hata kunichoma. Alituma maua."

Ilikuwa kweli. Bhavik alituma maua. Shada la duka, na jina la mama limeandikwa vibaya. Hetal alisikia machozi yakimtoka, na chini ya machozi kuna kitu kingine kilikuwa kinapanda.

"Toka!"

"Niende wapi? Nani mwingine ninaye? Mlango gani utanifungukia? Wewe ni binti yangu, usinifanye ombaomba..."

"Nenda kwake!" Hetal alibweka. Hakujua alikuwa na sauti kama ile. Yote yalitoka kwa pamoja, chapati nene na Kisumu na maua na miaka mitatu ya kupiga simu isiyojibiwa. "Nenda kwa Bhavik! Yeye ndiye mwanao, ni zamu yake! Mimi nimechoka kubeba kila kitu! Nenda kwake akulishe!"

Sitti Bushira alinyamaza katikati ya aya.

Ndani ya stoo sauti ikasema, safi kabisa, bila kikohozi, "Asante." Upepo ukawapita, wa baridi, ukizipeperusha nguo zao, na moshi wa ubani ukanyooka juu kama moshi wa kawaida. Gunia la mchele likaanguka ubavu.

"Nilikuambia usiongeze," Sitti alisema.

Hakuna aliyemsikiliza. Kutoka jikoni, kutoka kwenye sufuria iliyosahauliwa juu ya moto, ilikuwa inakuja harufu ya samli na bizari, kali, tamu, na Lanyero alikuwa anacheka na kulia. "Bambi, jamani! Chakula inanuka!" Ba alikwenda mwenyewe, akapakua mwenyewe, jambo ambalo halijawahi kuonekana, akamweka Charvi mapajani na kumlisha kwa vidole vyake. Tonge la tano mtoto akageuza uso. "Nimeshiba, Ba," alisema, akajinyoosha na kupiga mwayo. Nimesh alifunika macho yake kwa mkono. Hetal aliketi sakafuni palepale alipokuwa, akalia mpaka akaishiwa nguvu.

Jua lilipoanza kuinama, Sitti peke yake alikuwa bado hajaketi. "Huyu kaka yako," alimuuliza Hetal, "iko na watoto?"

Hetal alinyanyua kichwa. Kabla hajajibu, simu yake ililia mezani. Alikuwa Bhavik, ambaye miaka yote hakuwahi kupiga yeye kwanza.

"Hetu!" Kaka yake alikuwa na sauti ya kulia, ya furaha. "Huwezi kuamini. Nilikuwa nimejilaza kidogo tu, nikamwota Mama. Amesimama mlangoni kwangu, amechoka, anasema nimempuuza. Ulikuwa na haki miaka yote hii, nisamehe. Nimeamka nikampikia. Mimi mwenyewe! Nimemwekea jikoni, nikamwomba akae nasi, asiondoke tena."

"Kaka, nisikilize. Itoe hiyo sahani. Itoe sasa hivi, itoe nje..."

"Ngoja, Neel anaita. Nini, baba? Nani amekaa kwenye kiti chako?"

Hetal alipaza sauti, akaita jina lake mara tatu, lakini Bhavik alikuwa ameshaiweka simu pembeni, na kwa mbali akamsikia akimwambia mtoto, kwa upole mkubwa, asogee ampishe bibi yake ale kwanza.